Mikebe Mitano ya Filamu ya Kitunguu

Nyinyi mliorithi meza yangu ya taa, ile ya dirisha la upande wa mfereji, mmeniomba niandike mambo ya kazi kabla sijayasahau. Mmechelewa kidogo. Mengine nimekwisha kuyasahau, na mengine nimeyatia chumvi kwa miaka mingi hivi kwamba sijui tena ladha yake ya mwanzo ilikuwaje. Lakini hili la kitunguu nalikumbuka vizuri, tena lina shahidi. Maman Furaha atasoma karatasi hizi kabla yenu, kwa kalamu nyekundu mkononi. Mkiona mahali pamekatwa, mjue hapo nilikuwa nimefika pazuri.

Sitaandika nilipewa cheo gani mwaka gani. Vyeo vyangu vyote ukivikusanya havijazi bahasha ya barua. Nitaanza na koti.

Nilifika Brussels katikati ya miaka ya tisini, nikitoka Bujumbura, mtaa wa Buyenzi, wakati ambapo kwetu kulikuwa hakukaliki. Kanisani kwa watu walionipokea nilipewa koti la msaada. Aliyelivaa kabla yangu sijui alikuwa kiumbe gani, maana mikono yake ilinifika magotini. Ndani ya koti hilo nilisafisha sakafu za nusu ya mji huu mchana, na jioni nilipanda tramu kwenda shule ya jioni, Schaerbeek, kusoma umeme na mashine za sinema. Tulikuwa darasa zima la wasinziaji. Yupo mwalimu mmoja aliyelala huku amesimama, mgongo ametupa sisi, na chaki ikaendelea kuandika. Mimi ndiye niliyemwamsha, kwa sababu alikuwa anaandika juu ya ukuta na ubao umekwisha.

Cheti cha shule hiyo ndicho kilichonifikisha Molenbeek, kwenye karakana yetu ya filamu za kale. Zamani lilikuwa ghala la bia, na wakati wa joto kuta bado zilikuwa zinanuka bia. Siku ya kwanza nilipokewa na papa Firmin, fundi mkuu, mtu mfupi, mpana, aliyezaliwa mitaa miwili tu kutoka hapo na asiyeona sababu ya kwenda mbali zaidi. Hakuniuliza cheti. Alinitazama mikono, pande zote mbili, kama mtu anayenunua samaki, kisha akanipa glavu nyeupe za pamba.

"Bon," alisema. "Chukua bobini hii, uizungushe ihamie kwenye ile nyingine. Ikiisha, irudishe."

Bobini ni lile gurudumu la kuviringia filamu, mnalijua. Niliizungusha ikahama, nikaizungusha ikarudi. Kesho yake vilevile. Wiki mbili nzima nilizungusha bobini ileile kwa mkono, mbele na nyuma, hadi usiku nikilala kiwiko kikawa kinaendelea peke yake na mke wangu akahamia upande wa ukuta. Siku ya kumi nikajipa moyo nikamwuliza: "Papa, hii filamu inahusu nini?"

"Inahusu mikono yako," akajibu.

Na kweli. Alipokuja kunipa filamu ya kweli, vidole vyangu vilikuwa vinajua kabla ya macho: hapa pana kiungo cha zamani, hapa pembeni pamechanika tundu, hapa palipata kushikwa na mtu mwenye mafuta. Nawaambia nyinyi mnaozungusha kwa injini, hamjui mnachokosa, ingawa kiwiko chenu kinashukuru.

Somo la pili lilikuwa la pua. Filamu ya zamani ikianza kufa inanuka siki. Siki kabisa, ya kutilia kachumbari. Ikifikia hapo inasinyaa; urefu unapungua, yale matundu ya pembeni yanakaribiana, lakini meno ya projekta hayana habari, yanaendelea kuuma kwa vipimo vya ujana wake. Basi yanachana. Papa Firmin alifungua kila mkebe akautia pua kwanza, macho baadaye, na kufikia saa sita mchana karakana nzima ilikuwa na njaa. Sijawahi kufanya kazi mahali ambapo watu walikula vizuri namna ile.

Somo la tatu lilikuwa la gundi. Unakwangua ncha ya filamu, unapaka gundi, unabana kwa ile mashine ndogo ya chuma, unangoja. Ukibandua mapema, kiungo kinafunguka. Ukichelewa, kinakakamaa na kupiga kelele kila kinapopita. Papa Firmin alihesabu hadi ishirini kwa sauti. Mimi kuhesabu kulinichosha, nikawa nasoma Alhamdu moja taratibu, na tulipopima kwa saa yake ikawa muda uleule kamili. Tangu siku hiyo, nikibana kiungo, alikuwa akinyamaza na kungoja midomo yangu itulie.

Na wa tatu katika sisi ni Maman Furaha, mwenyeji wa Bukavu, mwenye daftari la mikebe. Mkebe usioandikwa na Maman Furaha ulikuwa haujazaliwa. Kila mwezi alikwenda kusukwa kwenye galeri ya Ixelles, ule ujia wa maduka na saluni za Wakongo, akarudi na kichwa kipya na habari za Wakongo wote wa Ubelgiji, na siku hiyo hakuna aliyefanya kazi hadi habari ziishe.

Kesi ngumu tulizipata nyingi. Ilikuja filamu ya harusi iliyokaa ghorofa ya chini na mafuriko mara mbili, imeshikana kama chapati zilizosahauliwa mvuani. Nilimtenganisha bwana harusi na mama mkwe wake kwa wembe, siku tatu, na nasikia walikuwa hawajapata kutengana vizuri namna hiyo. Lakini ngumu kuliko zote ni ya kitunguu.

Siku moja ya baridi aliingia bibi mmoja akivuta kile kikapu cha magurudumu cha sokoni. Jina lake Madame Hilde. Alitoka upande wa mashariki, kule ambako Wabelgiji wenyewe wanasema Kijerumani, na Kifaransa chake kilitembea kwa viatu vizito. Kikapuni hamkuwa na karoti, mlikuwa na mikebe mitano midogo iliyopata kutu, aliyoikuta darini kwa marehemu shangazi yake.

"Ni kichekesho kifupi," alisema. "Cha Ujerumani, cha zamani sana, kabla filamu hazijaanza kusema. Mfanyakazi wa nyumbani anakata vitunguu na halii. Bwana wake anashangaa."

Papa Firmin akafungua mkebe wa kwanza, akatia pua, akarudi nyuma. Filamu ya vitunguu inanuka siki. Maman Furaha alisema kwa Kiswahili, polepole: "Kachumbari iko tayari. Inabakia pilipili." Niling'ata glavu nisicheke, maana yule bibi alikuwa hacheki.

"Huyo mfanyakazi wa nyumbani," Madame Hilde aliendelea, "ni mama yangu. Alikuwa mwuzaji katika duka la vifungo. Siku moja wapiga filamu walipita, wakamtaka, akacheza hiyo moja tu. Alifariki nikiwa na miaka miwili. Ninayo picha yake moja, amesimama kama mwamvuli. Sijawahi kumwona akitembea."

Papa Firmin akavua miwani, akaifuta, akaivaa. "Imesinyaa, madame. Maabara hawataikubali kwenye mashine zao, watasema tunataka kuwavunjia. Kwenye projekta yangu itapita mara moja. Labda. Mara ya pili siahidi."

"Mara moja inatosha," alisema yule bibi.

Tukapanga iwe Jumamosi, baada ya wiki tatu, saa tisa alasiri, kwenye chumba chetu cha sinema, pamoja na majirani na wale waliotuletea filamu zao, ili watu wacheke, kwa sababu kichekesho bila watu wa kucheka ni msiba. Leo mtaniuliza kwa nini hatukumwonyesha mama yake palepale, mezani, kwenye kile kitazamio kidogo cha kugeuza kwa mkono. Hakuna aliyelifikiria. Tulikuwa watu wa sinema. Kwetu picha isiyofika ukutani haikuwa picha.

Wiki iliyofuata papa Firmin aliteleza kwenye ngazi, akavunjika mguu. Akiwa amelala na plasta aliniambia kwa simu: "Rekebisha matundu, kisha unganisha mikebe mitano iwe bobini moja. Fuata mpangilio. Mpangilio umeandikwa."

Ulikuwa umeandikwa kweli. Mwanzoni mwa kila kipande pana utepe mweupe mtupu, wa kuilinda filamu, na juu ya utepe mtu aliandika kwa wino. Ila unyevu wa darini ulikuwa umekwisha kula minne. Ilibaki michirizi kama nyayo za kuku. Wa tano tu ndio uliosomeka, herufi kubwa, safi: ENDE.

Sasa nisikilizeni vizuri kabla hamjanicheka. Babu yangu pale Buyenzi alikuwa akitusimulia habari za Wadachi, yaani Wajerumani wa zamani, enzi mji ukiitwa Usumbura, jinsi walivyokuwa wakiwaamrisha askari kwa Kiswahili. Kiswahili cha kupayuka, lakini Kiswahili. Nikaliangalia lile neno kwenye taa. ENDE. Nikajiambia: Mdachi huyu alikwisha fika kwetu. Alirudi Ulaya, akapata kazi ya filamu, na kwenye kipande cha kwanza akaandika amri aliyoizoea: iende. Yaani anzia hapa, iachie. Nilifurahi kama mtu aliyekutana na jirani ugenini. Kweli Waflamandi wanaandika *einde* kwa mwisho, naliona kila siku mtaani, lakini lile lina i. Nikasema kama huyu alitaka mwisho angeweka i yake.

Na picha zenyewe zilinisaidia kupotea. Nilizitazama kwa lenzi, moja moja. Kwenye kipande cha ENDE mtaa mzima unalia: bwana mwenye masharubu makubwa, mwuza maziwa, polisi, watu wa zimamoto, farasi, na farasi ninaapa alikuwa analia. Nikasema hapo ndipo penye mwanzo wa filamu. Ukiona farasi analia lazima ungoje ujue kwa nini. Kwenye vipande vya katikati bwana anajaribu kukata kitunguu bila kulia, mara amejaza maji mdomoni, mara ameuma mkate, mara amekaa ndani ya birika la kuogea na kofia ya kuzamia. Hivyo nilivipanga kwa masharubu. Kipande ambacho masharubu yameloa zaidi nikakitanguliza, kisha yaliyoloa kidogo, kisha makavu, kwa maana mtu akilowa, baadaye hukauka. Na kipande cha mwisho ni yule mama, anafungua mlango wa jikoni na kikapu cha vitunguu, anavikata huku anacheka, anatoka. Nikaona vema: Madame Hilde atamwona mama yake mwishoni, kama tunda baada ya chakula.

Viungo vinne. Nilisoma Alhamdu nne. Sijapata kuunganisha vizuri zaidi ya siku ile.

Jumamosi walikuja watu mia tatu. Maman Furaha ameandika pembeni hapa kwamba ni thelathini na wawili. Papa Firmin alikuja na magongo yake, akakaa kando ya projekta, akaniachia nishike mimi. Madame Hilde alikaa mstari wa mbele, koti la buluu, ameshika mkoba kwa mikono miwili. Nikazima taa. Nikawasha mashine.

Utepe ukapita, na ukutani likatokea lile neno la wino, kubwa kama mlango wa gereji: ENDE.

Watu wakacheka, walidhani ndicho kichekesho. Gongo moja la papa Firmin lilianguka. Kisha mtaa mzima ukaanza kulia, na watu wakaacha kucheka.

Maman Furaha aliniinamia. "Rama, hii bantu banalia juu ya nini? Nani alikufa?"

"Ngoja, maman. Itaeleweka."

"Mi ninaona matanga. Hata farasi iko kwa matanga. Njo kichekesho hii?"

Papa Firmin alinishika mkono, akaninong'oneza bila kuondoa macho ukutani. "Umeanza na mwisho."

Nilihisi joto la projekta lote limenihamia usoni. Nikanyoosha mkono kwenye swichi.

"Usiguse," alisema. "Ukisimamisha, taa itaichoma na meno yataikata. Mama yake yuko kipande cha kwanza?"

"Ndiyo, papa. Lakini mimi nimekiweka cha mwisho."

"Basi iache. Na kama unayo dua ya filamu, sasa ndiyo saa yake."

Niliyo nayo ilikuwa ya gundi, nikasoma hiyohiyo. Mashine ilikuwa inatafuna, tak tak tak, na kila jino lilinipita moyoni. Ukutani yule bwana alizidi kukauka. Alitoka kwenye birika la kuogea akiwa mkavu kuliko alivyoingia, akautoa mkate mdomoni, na watu walianza kucheka tena kwa sababu hakuna mwenye akili angeweza kuelewa anatafuta nini. Kiungo cha kwanza kilipita. Cha pili. Cha tatu kililia kidogo, kikapita. Cha nne kikapita, na nikaona jikoni, meza, mlango uliofungwa. Madame Hilde alisogea mbele kwenye kiti.

Mlango ukafunguka. Kikaingia kikapu, na mkono ulioshika kikapu.

Halafu krrk, na ukuta ukawa mweupe.

Nilizima kabla taa haijachoma. Bobini ya nyuma ilikuwa bado inazunguka na kupiga ncha ya filamu, pa, pa, pa. Madame Hilde aligeuka nyuma.

"Ule ulikuwa mkono wake?"

"Ndiyo, madame," nikasema.

"Mkono tu," alisema, na akaugeuzia uso ukuta tena, kana kwamba pengine utabadili nia.

Watu walipoondoka tulibaki wanne. Niliona nikikaa kimya watadhani ni ugonjwa wa siki, na siki haikuwa na kosa. Nikamweleza yote kwa Kifaransa: utepe, wino, neno. Nikamwambia kwa lugha yetu neno hilo ukilisoma lilivyo linamwambia mtu au kitu kiende, kianze safari.

Papa Firmin alikuna shingo. "Kwa hiyo mtu ameandika *mwisho*, wewe ukasoma *nenda*."

"Ndiyo, papa."

"Miaka yangu yote kazini, nimeona filamu imewekwa kichwa chini. Nimeona imewekwa kinyume. Nimeona moja imewekwa ndani ya supu. Hili ni jipya."

Maman Furaha alijizuia akashindwa. "Weye, Rama. Mudachi wa Berlin akuandikie kiswahili weye, weye ni mujomba yake?"

Yule bibi hakucheka. Hakukasirika pia, na hilo ndilo lililonichoma. Alifunga vifungo vya koti lake kimoja kimoja, toka juu hadi chini. "Nitakuja Jumatatu kuchukua mikebe yangu," alisema. "Asanteni kwa kazi."

Alipotoka papa Firmin alisema alichojua kila mmoja wetu: mikebe ile ikirudi darini, siku joto litakapoingia itageuka unga. Filamu nyingine ya namna ile tulikuwa hatujaisikia. Na Madame Hilde alikuwa mzee. Akitoka mlangoni Jumatatu, habari ya mama yake kutembea ilikuwa imekwisha.

Jumapili nilirudi karakanani asubuhi. Nilidhani nitakuwa peke yangu, nikamkuta papa Firmin amekwisha kukaa, mguu wa plasta juu ya kasha, ile tupa ndogo mkononi. Mbele yake kilikuwa kitazamio cha mkono, kile chenye kioo kama kadi ya posta. Alikuwa ametoa gurudumu lake la meno na anayapunguza, jino kwa jino, yawe membamba yaenee kwenye matundu yaliyosinyaa.

"Lile la ukutani limeshindikana," alisema. "Hiki hakina haraka. Hakina hata injini ya kukiharakisha. Kazi yako iko pale."

Kazi yangu ilikuwa kipande cha jikoni, kimejikunja mdomoni mwa projekta kama kisigino cha soksi. Nilikitoa kwa koleo la nyusi. Matundu arobaini na kitu yalikuwa yamechanika, na kila moja nililiwekea kiraka chembamba kama kucha ya mtoto. Kisha nikafungua viungo vyangu vinne vizuri, na hilo liliniuma, nikaipanga upya: jikoni kwanza, masharubu makavu, masharubu yenye unyevu, masharubu yaliyoloa chepechepe, na farasi mwisho. Tulikula mkate na jibini bila kusimama. Papa Firmin alisema neno moja tu saa nzima, nalo lilikuwa "chumvi".

Jumatatu Madame Hilde alikuja na kikapu chake cha magurudumu. Mikebe ilikuwa imepangwa juu ya kaunta, imefutwa kutu, na Maman Furaha alikuwa amekwisha andika fomu ya kutoa. Nikasema: "Madame, kabla hujaichukua, keti dakika tano. Papa Firmin ameniamuru."

"Sikumwamuru kitu," alisema papa Firmin kutoka mezani kwake.

Alikaa kwa kuwa ni mtu wa adabu. Nikampa glavu, zikamwenea. Nikamwonyesha mpini. "Hii haiendi yenyewe. Unageuza wewe. Ukitaka isimame, unaacha kugeuza, na haitaungua, taa yake ni baridi."

Aligeuza haraka mno, jikoni lote likapita kama treni. Nikamwambia pole, madame, taratibu, kama unakoroga maziwa. Akarudisha. Akageuza tena. Mlango ukafunguka kwenye kile kioo kidogo, kikaja kikapu, ukaja mkono, na nyuma ya mkono akaingia mwanamke kijana, mnene kidogo, anatembea kama mtu anayejua anakokwenda, akimwaga vitunguu mezani kwa kishindo ambacho karibu tukisikie.

Madame Hilde alirudisha mpini, mama akatoka kwa kurudi kinyumenyume, akageuza, akaingia. Mara ngapi sijui. Maman Furaha, aliyekuja kusimama nyuma yetu, anasema mara sita. Mimi nasema sabini, na safari hii sitaki kukubaliana katikati.

Kisha akaendelea mbele, vitunguu vikaanza kukatwa. Yule mama alikata, akacheka, akakata. Ndicho kichekesho chenyewe: halii. Na hapo, kwa vile alikuwa anageuza taratibu kuliko projekta yoyote duniani, mkono wake ukasimama.

"Hapa," alisema.

Niliinama na lenzi yangu. Mimi nilikuwa nimekipitia kipande hicho tundu kwa tundu na sikuona, kwa sababu nilikuwa natazama pembeni. Picha sita au saba, nusu sekunde, kitu ambacho ukutani hakuna jicho lingekidaka. Mama amegeuza uso upande, kumtazama mtu aliye nje ya picha, na kwa kifundo cha mkono ulioshika kisu anafuta jicho. Machozi yanang'aa shavuni. Kisha anageuka kwetu, anacheka, anakata.

"Alikuwa analia," alisema Madame Hilde.

"Ni vitunguu, madame."

"Najua ni vitunguu." Alikuwa anacheka sasa, mabega yakimtikisika, na glavu yangu ikawa imeloa. "Nimeishi miaka yote hii na mwamvuli. Kumbe alikuwa mtu wa kudanganya."

Alikaa hadi tulipotaka kufunga. Aliipitisha filamu nzima, jikoni hadi farasi, akatusomea kila maandishi yaliyotokea katikati, na papa Firmin alicheka mahali ambapo Jumamosi hakuna aliyecheka. Alipovua glavu aliitazama ile fomu ya kutoa, akaitazama rafu iliyokuwa nyuma ya Maman Furaha.

"Hii mikebe yenu mingine yenye maandishi ya Kijerumani," alisema, "nani anawasomea?"

Papa Firmin alinitazama mimi. Maman Furaha alinitazama mimi. Mimi niliutazama mfereji.

"Bon," alisema Maman Furaha, akaikunja fomu mara mbili, akaitia mfukoni, akamvutia kiti karibu na taa. Ndicho kile kiti mnachokiita cha Madame, na ambacho kila mmoja wenu amewahi kuniuliza ni Madame gani.